Baraza la madeni la India likikiuka utaratibu: jinsi ya kufika Mahakama Kuu bila kurudishwa mlangoni

Familia nyingi za Mombasa, Unguja na Dar es Salaam zenye asili ya Kutch na Gujarat bado zina mali India: nyumba ya babu, duka, au hisa katika kampuni ya ndugu. Mtu anaombwa atie saini ya udhamini kwa mkopo wa binamu yake, anatia, miaka inakatika. Siku moja inaingia barua yenye kichwa cha DRT, yaani Baraza la Kurejesha Madeni. Mara nyingi barua hiyo si ya kumwita ajitetee. Ni ya kumwarifu kwamba amri imeshatoka na mnada umepangwa.

Swali linalofuata huwa ni moja: twende Mahakama Kuu? Pengine mtakwenda, lakini si leo. Mahakama Kuu za India hazikai kukagua deni. Zinakagua namna deni lilivyoamuliwa, na hata hapo zinamsikiliza yule aliyelalamika mapema, kwa maandishi, mbele ya baraza lenyewe. Ndiyo maana sehemu kubwa ya mwongozo huu inahusu mambo ya kufanya kabla hujaliona lango la Mahakama Kuu. Wakili wako atakuwa wa huko India, na lazima awe hivyo. Hata hivyo, mteja aliye mbali asiyejua amwulize nini wakili wake ndiye anayepoteza siku, na katika mashauri haya siku ndizo zinazopoteza nyumba.

Hatua ya 1: Jua uko kwenye njia ipi

Kuna sheria mbili, na kuzichanganya ni hatari. Ya kwanza ni ya mwaka 1993. Chini ya sheria hiyo benki ndiyo inayofungua shauri barazani kwa kifungu cha 19, wewe unaitwa kujibu, na benki ikishinda hutolewa hati ya urejeshaji inayotekelezwa na Afisa wa Urejeshaji. Tangu 2018 baraza linapokea madeni ya kuanzia laki 20, yaani rupia milioni 2.

Ya pili ni sheria ya mwaka 2002 inayojulikana kwa kifupi chake, SARFAESI. Hapa benki yenye rehani haihitaji kwenda barazani kwanza. Inatoa notisi ya siku 60 kwa kifungu cha 13(2), kisha inachukua mali kwa kifungu cha 13(4), mara nyingi kwa msaada wa hakimu chini ya kifungu cha 14. Wewe ndiye unayekwenda barazani kulalamika, kwa kifungu cha 17.

Kwa hiyo jambo la kwanza ni kutafuta namba ya kifungu kwenye barua uliyoletewa. Ukiona 19, wewe ni mjibu madai. Ukiona 13 au 14, wewe ndiye unayepaswa kuchukua hatua, na hakuna atakayekungoja. Benki inaruhusiwa kutembea njia zote mbili kwa wakati mmoja, kwa hiyo mwulize wakili aangalie kote kuwili.

Mabaraza haya yapo 39 nchini kote, na mabaraza ya rufaa, DRAT, yapo matano: Mumbai, Delhi, Kolkata, Chennai na Allahabad. Shauri la mali iliyoko Kutch, kwa mfano, huanzia Ahmedabad na rufaa yake huenda Mumbai.

Hatua ya 2: Tenga kosa la utaratibu na uchungu wa deni

Hapa ndipo maombi mengi yanapofia. Mtu anajaza kurasa kueleza kwamba riba ilikuwa kubwa, kwamba binamu alimdanganya, kwamba benki haina huruma. Yote yanaweza kuwa kweli, lakini hayo ni ya barazani. Mahakama Kuu inataka kujua kama uliitwa, kama ulisikilizwa, kama baraza lilikuwa na mamlaka, na kama hatua zilizoamriwa na sheria zilifuatwa.

Kifungu cha 22 cha sheria ya 1993 kinasema baraza halifungwi na Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, ila linaongozwa na misingi ya haki ya asili. Maana yake ni kwamba baraza linaweza kufupisha mwenendo, kupokea ushahidi kwa viapo na kukataa maahirisho. Haliwezi kuamua bila kukuita. Haliwezi kutegemea nyaraka ambazo hukupewa. Haliwezi kutoa amri isiyo na sababu hata moja iliyoandikwa.

Pitia jalada lako ukitafuta mambo ya namna hii: wito uliopelekwa kwenye anwani uliyohama zamani huku benki ikijua anwani mpya, amri ya upande mmoja, yaani iliyotolewa bila wewe kusikilizwa, maelezo ya utetezi yaliyokataliwa ilhali yaliletwa ndani ya muda, taarifa ya akaunti ambayo hakuna afisa wa benki aliyeithibitisha, dai lililofunguliwa baada ya miaka 3 ya ukomo kupita, Afisa wa Urejeshaji aliyeuza bila kukuarifu.

Upande wa SARFAESI, shika kanuni za utekelezaji za mwaka 2002 na uzisome sambamba na karatasi zako, mstari kwa mstari. Benki ikishachukua mali, tangazo la kuichukua lazima litoke ndani ya siku 7 katika magazeti mawili, moja likiwa la lugha ya mahali hapo. Kabla ya kuuza lazima kuwe na tathmini ya mthamini aliyeidhinishwa na bei ya chini iliyopangwa. Kanuni ya 8(6) inampa mkopaji notisi ya siku 30 kabla ya mauzo, na kanuni ya 9(1) inazuia mnada wa kwanza kufanyika kabla siku 30 hazijapita tangu tangazo. Mnada wa kwanza ukishindikana, unaofuata unatosha kwa notisi ya siku 15.

Chukua tuseme tangazo lililotoka kwenye gazeti la Kigujarati tarehe 3 Juni, mnada tarehe 28 Juni. Hesabu kwa vidole: ni siku 25. Hilo ni kosa la utaratibu linaloonekana kwenye karatasi yenyewe, halihitaji shahidi. Mwaka 2014 Mahakama ya Upeo ya India ilisisitiza kwamba siku hizi si za mapambo, kwa sababu ndizo fursa ya mwisho ya mkopaji kutafuta fedha na kuikomboa mali yake.

Lakini angalia pia ulichoandika wewe mwenyewe. Mwaka 2013 mahakama hiyohiyo ilikubali kwamba haki iliyowekwa kwa faida ya mkopaji inaweza kuachwa na mkopaji kwa matendo yake. Kama uliandika barua kukubali tarehe ya mnada ili upewe nafuu nyingine, barua hiyo itasomwa mbele ya jaji. Usitie saini wala kutuma ujumbe wowote kwa benki kabla wakili hajauona, hata ujumbe wa WhatsApp.

Hatua ya 3: Jibu notisi ya siku 60

Hatua hii ni fupi lakini wadhamini wengi huiruka. Ukipokea notisi ya kifungu cha 13(2), una haki ya kuandika pingamizi, na benki inalazimika kukujibu kwa sababu ndani ya siku 15. Jibu hilo peke yake halikupi haki ya kwenda barazani. Unasubiri benki ichukue hatua ya 13(4). Hata hivyo, pingamizi lako na jibu la benki, au ukimya wake, ndiyo karatasi ya kwanza jaji atakayotaka kuiona miezi kadhaa baadaye.

Hatua ya 4: Jenga jalada, na upate amri iliyoandikwa

Omba nakala zilizothibitishwa za mwenendo mzima: kila karatasi ya amri ya kila tarehe, uthibitisho wa kupelekwa wito, viapo vya benki na vielelezo vyake. Bahasha usiitupe. Muhuri wa posta uliopo nje ya bahasha unaonyesha barua ilipofika, na mara nyingi ndio unaovunja kiapo cha benki kinachosema "alipewa tarehe fulani". Piga picha bahasha pande zote mbili, hifadhi na yenyewe.

Kisha lalamika barazani. Kama amri ilitolewa upande mmoja, omba itenguliwe. Kifungu cha 22 kinalipa baraza mamlaka hayo, pamoja na ya kupitia uamuzi wake. Kama hukupewa nyaraka, omba kwa maandishi ukizitaja moja moja. Kama unataka kumhoji afisa wa benki juu ya kiapo chake, eleza ni aya ipi na kwa nini. Mwaka 2002 Mahakama ya Upeo, ilipokubali kwamba sheria ya 1993 ni halali, ilieleza kwamba ushahidi kwa kiapo ndiyo desturi ya baraza, lakini baraza linaweza kuruhusu shahidi ahojiwe pale haki inapohitaji. Ombi la jumla la "tunataka kuhoji mashahidi wote" halina nguvu.

Shabaha ya yote haya ni amri iliyoandikwa, ya kukubali au kukataa. Ombi la mdomo lililokataliwa kwa mdomo halipo kwenye jalada, na lisilokuwepo kwenye jalada Mahakama Kuu haiwezi kulipitia. Wakili akikwambia "tulilisema mbele ya baraza", mwulize liko ukurasa wa ngapi.

Ukiwa Afrika Mashariki utahitaji hati ya uwakilishi kwa mtu aliyeko India. Itie saini mbele ya mthibitishaji wa hati, ipeleke ubalozi wa India ikathibitishwe, na ikishafika India ilipiwe ushuru wa stempu ndani ya miezi 3. Ianze mapema. Imeonekana familia ikiwa na hoja nzuri kabisa huku hati ya uwakilishi ikiwa bado mezani kwa karani wa ubalozi.

Hatua ya 5: Hesabu siku

Ziandike kwenye kalenda siku hiyohiyo karatasi inapofika. Kujibu dai la kifungu cha 19: siku 30 tangu kupata wito, na baraza linaweza kuongeza zisizozidi 15 kwa sababu maalumu. Ombi la kifungu cha 17 chini ya SARFAESI: siku 45 tangu hatua unayoilalamikia. Rufaa kwenda DRAT kwa sheria zote mbili: siku 30. Kupinga amri ya Afisa wa Urejeshaji mbele ya baraza: siku 30.

DRAT inaweza kusamehe ucheleweshaji ukiwa na sababu ya kuridhisha. Kwa amri za Afisa wa Urejeshaji mambo ni magumu: mwaka 2017 Mahakama ya Upeo ilisema msamaha wa kawaida wa Sheria ya Ukomo hautumiki huko. Siku ya 31 umechelewa, basi.

Siku nyingine ya kuiwekea alama haipo kwenye orodha za rufaa. Tangu marekebisho ya 2016, kifungu cha 13(8) kinampa mkopaji nafasi ya kulipa deni lote na kuikomboa mali hadi kabla ya tarehe ya kutangazwa notisi ya mnada. Mwaka 2023, katika shauri la Celir, Mahakama Kuu ya Bombay ilikuwa imemruhusu mkopaji kukomboa mali baada ya mnada. Mahakama ya Upeo ikalitengua hilo na kumpa haki mnunuzi. Kama fedha zinapatikana kwa ndugu, zipatikane kabla ya tangazo.

Hatua ya 6: Pita DRAT, na uwe tayari kwa amana

Ombi la kifungu cha 17 halidai amana. Sheria ya awali ilidai asilimia 75, na Mahakama ya Upeo ikaifuta katika shauri la Mardia Chemicals mwaka 2004. Rufaa ndiyo yenye gharama. Mkopaji anayekata rufaa DRAT anaweka asilimia 50 ya deni, na baraza la rufaa likiandika sababu linaweza kupunguza hadi asilimia 25. Haliwezi kushuka hapo.

Kwa deni la rupia milioni 8, hiyo ni milioni 4, au milioni 2 ukibahatika. Kwa mdhamini mstaafu wa Dar es Salaam ambaye hakula hata rupia moja ya mkopo ule, hili ni jambo zito, na mimi naona sheria imewakandamiza wadhamini kupita kiasi. Ila kulalamikia amana Mahakama Kuu ili ifutwe kabisa ni kupoteza muda. Katika uamuzi wa 2011 kuhusu UCO Bank, Mahakama ya Upeo ilisema amana ni sharti la lazima. Katika ule wa 2021 kuhusu Kotak Mahindra Bank ikasema hata Mahakama Kuu haiwezi kuiondoa yote. Badala yake, peleka DRAT ombi la kupunguziwa lenye ushahidi: taarifa za benki, hati za pensheni, malipo yaliyokwisha kufanywa. Chini ya SARFAESI amana hupigwa kwenye deni lililodaiwa na benki au lililoamuliwa na baraza, lolote lililo dogo. Mwulize wakili ametumia lipi.

Hatua ya 7: Pima kama Mahakama Kuu itakusikiliza

Mlango upo. Kifungu cha 18 cha sheria ya 1993, kinachozifungia mahakama nyingine, kinaacha wazi mamlaka ya Mahakama ya Upeo na ya Mahakama Kuu kwa ibara za 226 na 227 za Katiba. Mwaka 1997 benchi la majaji 7 lilisema kwamba uwezo wa Mahakama Kuu kupitia maamuzi ya mabaraza ni sehemu ya msingi wa Katiba, na Bunge haliwezi kuuondoa.

Lakini uwezo wa kusikiliza si wajibu wa kusikiliza. Katika uamuzi wa 2010 uliohusu United Bank of India, Mahakama ya Upeo ilizikaripia Mahakama Kuu kwa kutoa amri za zuio wakati njia za kisheria zipo. Tangu hapo imerudia hivyo mara nyingi. Mwaka 2022, katika shauri la Phoenix ARC, iliongeza kwamba ombi la namna hii halisimami dhidi ya kampuni binafsi inayonunua madeni kwa hatua zake za kukusanya.

Kinachobaki ni milango iliyotajwa mwaka 1998 katika shauri la Whirlpool: haki za msingi zimevunjwa; misingi ya haki ya asili imevunjwa; chombo kimetenda bila mamlaka; au uhalali wa sheria yenyewe unapingwa. Kosa lako liingie kwenye mmojawapo, na jaji alione ndani ya dakika chache. Kutofikiwa na wito kunaingia. Kutokubaliana na hesabu ya riba hakuingii.

Kuna na hali ya kiti kitupu. Mabaraza haya hukaa bila mwenyekiti kwa vipindi virefu, na mnada haungoji uteuzi. Desemba 2021 Mahakama ya Upeo iliziomba Mahakama Kuu zipokee mashauri hayo kwa ibara ya 226 kwa sababu hiyo. Ikiwa baraza lako halina mtu, pata uthibitisho wa maandishi kutoka kwa msajili. Na kama tatizo ni ucheleweshaji tu, kumbuka kifungu cha 17 kinataka ombi liamuliwe ndani ya siku 60, na kwa vyovyote lisizidi miezi 4. Likizidi, nenda kwanza DRAT ikaliamuru baraza liharakishe.

Kuhusu ibara: 226 ni ya kuomba amri ya kutengua au kulazimisha, 227 ni ya usimamizi wa Mahakama Kuu juu ya mabaraza yaliyo chini yake. Dhidi ya amri ya baraza au DRAT, mawakili wengi hutumia 227 au zote mbili pamoja. Kwa 227 jaji hasahihishi kila kosa. Anaangalia kama baraza limevuka mipaka yake au limekataa kutumia mamlaka yake.

Hatua ya 8: Andika ombi fupi lenye tarehe

Ukurasa wa kwanza uwe orodha ya tarehe, kuanzia mkopo hadi leo. Jaji huanza hapo, na kama orodha imepangwa vizuri kosa linajionyesha lenyewe. Kisha taja kosa moja au mawili. Makosa 11 yaliyorundikwa pamoja yanamfanya jaji aamini kwamba hakuna hata moja zito.

Baada ya kila kosa, eleza lilikuumiza vipi. Haitoshi kusema hukuitwa; sema ungeitwa ungesema nini: kwamba saini ya udhamini si yako, kwamba malipo ya mwaka fulani hayakuhesabiwa, kwamba dai lilikuwa limepitwa na ukomo. Ambatisha hati inayoonyesha hivyo.

Usifiche lolote. Kama ulikuwa na ombi jingine lililokataliwa, liseme. Kama benki ilikupa mpango wa malipo ukashindwa, liseme. Benki italileta tu, na mwombaji aliyeficha jambo hufukuzwa bila hoja zake kusikilizwa, hata zikiwa za kweli.

Unachoomba kiwe cha kiasi: amri ya baraza itenguliwe, shauri lirudi likasikilizwe upya kuanzia pale lilipoharibika, na mnada usimame hadi hapo. Toa mwenyewe kiasi unachoweza kuweka mahakamani. Majaji wengi watakupa zuio kwa sharti la amana hata hivyo, na aliyejipangia kiasi huwa na nafasi ya kupewa sharti analoliweza.

Hatua ya 9: Ukishinda, rudi barazani haraka

Ushindi wa kawaida Mahakama Kuu ni shauri kurudishwa, na deni bado lipo. Amri huwa na tarehe ya kufika barazani na mara nyingi sharti la amana lenye siku ya mwisho. Chukua nakala iliyothibitishwa, iwasilishe barazani na kwa benki, na upate muhuri wa kupokelewa kwa zote mbili. Zuio ambalo afisa wa mnada hajaliona halimzuii asubuhi ya mnada. Sharti la amana likipita bila kutimizwa, zuio huanguka lenyewe. Baraza likishakusikiliza na kuona benki ilikosea chini ya SARFAESI, linaweza kuamuru mali irudishwe, na kifungu cha 19 cha sheria hiyo kinakuruhusu kudai fidia na gharama. Weka risiti zote kuanzia ada ya ubalozi.

Ukishindwa, uliza kwanza ombi liliamuliwa kwa ibara ipi. Lililoamuliwa na jaji mmoja kwa ibara ya 226 kwa kawaida lina rufaa ndani ya Mahakama Kuu yenyewe. La 227 halina, na kinachobaki ni ruhusa maalumu ya Mahakama ya Upeo kwa ibara ya 136. Kama ulikataliwa kwa sababu tu ulipaswa kupita DRAT kwanza, mwombe jaji siku hiyohiyo aandike kwamba muda uliotumika mbele yake uzingatiwe katika kusamehe ucheleweshaji, kisha peleka rufaa yako DRAT pamoja na amri hiyo.